Nguru wa Jikoni

Vitongoji, baada ya alasiri

Mwanangu Hamad,

Salamu nimekupa asubuhi na mchana, na kesho nitakupa nyengine pale utakapopanda gari la bandarini, safari ya Tanga, kwa hiyo hapa sizirudii. Barua utaikuta mfukoni mwa shati la kijivu nililokushonea. Karatasi nimeichana kwenye daftari langu la vipimo. Ukiigeuza utaona kiuno cha mtu na urefu wa mkono wake, usihangaike kumjua ni nani, suruali yake keshaichukua.

Wewe umetoka kwenda kuaga kwa bibi yako. Mama'ko yumo jikoni anakaanga samaki wa safari, na harufu inanifikia hapa barazani. Cherehani iko mbele yangu lakini leo sishoni. Mambo ya kuswali kwa wakati, ya kufunga mlango wa chumba, ya kutolala na nywele mbichi, mama'ko atakwambia, na akishakwambia atakurudilia. Mimi nina neno moja tu, na ni la aibu. Nimekaa nalo miaka kumi na sita. Mdomo wangu kwako mzito, unaujua, ndiyo maana naandika.

Mimi ni mtu wa wivu, Hamad. Watu wanaoniona nimeinamia kitambaa tangu asubuhi husema Mzee Kombo mpole, hana neno na mtu. Ni kweli sina neno na mtu wa nje. Mwenye gari na gari lake, mwenye mikarafuu na mikarafuu yake. Gere nimeona kwa watu wa nyumba yangu mwenyewe, nanyi mlikuwa watatu: wewe, dada'ko Raya, na mama yenu.

Unajua chakula kilivyoliwa nyumbani kwetu. Mimi nililetewa barazani, peke yangu, mkeka wangu, sahani yangu imefunikwa kawa la ukindu, bakuli la kunawia pembeni. Nyinyi mlikula jikoni, sinia moja, mikono mitatu. Hivyo ndivyo alivyokula babu yako, na babu wa babu yako nadhani. Mwanamume huletewa. Kichwa cha samaki chake, tui zito lake, na akishiba huacha kipande kidogo kando ya sahani, watoto wakapokea na kushangilia. Mimi nilipokuwa mdogo nilikigombea kipande cha babu yako kama nimepewa Idi. Sikuwahi kujiuliza yeye alikuwa anawaza nini akiwa peke yake na ile sahani. Nilidhani mtu akifika pale basi amefika.

Nilipofika mimi nikakuta hapana mtu.

Nakwambia kweli, wali wa peke yako hauna ladha hata ukitiwa iliki. Unatafuna, unasikia meno yako. Na jikoni kwetu pale nyuma, ukuta mmoja tu baina yetu, mlikuwa mnacheka. Mama'ko ana kile kicheko chake cha kujizuia, kinaanza puani. Raya alikuwa anapiga kelele. Wewe ulikuwa mdogo, ulicheka kwa kuwa wengine wanacheka. Mimi niko na tonge mkononi nimeacha kula, nimetega sikio. Mkinyamaza, nafikiri mmenisema. Mkicheka, nafikiri mmenicheka. Kikulacho ki nguoni mwako, na mimi ndiye fundi wa nguo.

Sasa nisikilize. Ule mwaka ulipokuwa na miaka sita, karafuu hazikuzaa, na mwaka wa nyuma yake zilizaa kidogo sana. Karafuu zisipozaa hakuna anayeshona. Hata Idi ile watu walivaa za zamani, wakazipiga pasi, wakapeana mkono. Mimi nilikuwa natia kiraka, nafupisha, nabadilisha kola, mradi mkono usilale. Mchana anapita mtu wa samaki na baiskeli, mama'ko anatoka, ananunua kitu, anarudi jikoni. Sikuuliza kanunua nini. Mwanamume hafunui vyungu, tuliambiwa. Kikija chakula nakuta muhogo wa nazi na changu mmoja, mdogo, kama kiganja. Nikasema alhamdulillahi, hali ndiyo hii.

Siku moja nimekaa na changu wangu, nikamsikia Raya anasema kwa sauti ya majivuno, "Miye nguru! Leo miye n'nakula nguru!"

Nikaacha kutafuna.

Na wewe ukadakia, "Miye kolekole! Wa kukaanga!"

Kisha Raya, "Mama, na weye umepata nini?"

Mama'ko akajibu taratibu, kama mtu aliyeshiba, "Siye wengine pweza wetu wa nazi. Tena mlaini huyo, hana haja ya meno."

Mkaangua kicheko.

Nikamtazama changu wangu, naye akanitazama kwa lile jicho moja. Nikasema moyoni, kumbe! Kumbe mimi naletewa kichangu cha kufungia mdomo, na jikoni kuna nguru. Mara moja nikajua na anakotoka. Mjomba'ko Shaame, ndugu wa mama'ko, alikuwa na shughuli zake za diko, kule wanakoshusha samaki. Nikamwona kwa macho ya moyo anapita uani na furushi, dada yake anapokea chini ya kanga, na mimi hapa mbele ninavuta uzi kama mjinga. Wala sikumwona kweli. Hajapita hata siku moja. Lakini mtu mwenye wivu haulizi, anapanga mwenyewe na kushuhudia mwenyewe.

Kesho yake tena. Raya tasi, wewe chewa. Keshokutwa nguru tena, na mkagombana. "Nguru wangu miye! Juzi ulikula weye!" Mama'ko akaamua, "Haya, kichwa cha Raya, mkia wa Hamad, m'nyamaze." Nguru wa kugawana, mwanangu! Mkubwa kiasi hicho!

Unajua nilifanya nini? Sikusema. Ningesema ningepona. Mimi niliacha kubakisha. Kile kipande cha kando ya sahani, haki yenu tangu enzi za babu yako, nikakila. Nikala nyama, nikala ngozi, nikanyonya mifupa, nikapasua kichwa nikatoa ubongo. Raya alipokuja kuchukua sahani aliitazama, kisha akanitazama mimi, akaondoka nayo. Nami nikasema moyoni, una nguru huko, unataka nini kwangu? Nilifanya hivyo siku tisa. Nazijua kwa hesabu kwa sababu sijafanya kitu kingine maishani kwa bidii ile.

Siku ya tisa ilikuwa Ijumaa. Nimerudi msikitini, nimekaa, changu nimemmaliza, nimebaki kujilamba vidole. Nikasikia Raya anasema, "Huyu nguru ana mwiba! Mama, kanikwama!" Na wewe ukamwambia, "Meza tonge kubwa, utashuka." Kicheko kikazidi. Basi yaliyokuwa yamejaa yakamwagika. Nikainuka hivyo hivyo, sijanawa, mkono una mafuta, nikazunguka uani, nikausukuma mlango wa jikoni.

Kwenye sinia kulikuwa na muhogo wa kuchemsha. Mweupe, mkavu, bila nazi. Katikati bakuli la maji ya chumvi na pilipili mbili. Basi. Raya alikuwa ameshika kipande juu juu, ameshakichovya, kinadondosha maji. Wewe umeshika koo la dada'ko kumsaidia kutoa mwiba. Mama'ko mbele yake hakukuwa na kitu hata cha kuchovya, alikuwa anakumenyeeni tu nyinyi.

Samaki wa nyumba ile alikuwa mmoja kila siku, na nilikuwa nimetoka kummaliza.

Mama'ko akavuta kanga kichwani, akaniuliza, "Bwana, umekosa nini? Maji?"

Alidhani amesahau kuniletea maji, Hamad. Naye ndiye aliyekuwa na haya.

Nikasema, "Ndiyo. Maji."

Akanipa. Nikanywa wima, mlangoni, mkinitazama. Nikarudi barazani. Kwenye sahani nikakuta miba mitupu. Nilitaka kuwapelekea japo ngozi, na ngozi nilikuwa nimeshaila.

Hapo ndipo nilipoujua ule mchezo. Mama yenu alikuwa anawapa samaki wa mdomo ili muhogo ushuke. Kila mtu anamtaja wake, anamsifu, anamgombea, na mkicheka mnasahau. Kile kipande cha kando ya sahani ndicho kilichokuwa samaki wa kweli pekee aliyefika jikoni. Nilikuja kuambiwa na Raya, keshakuwa mtu mzima, kuwa mlikuwa mnakikata vitatu, na chake mama'ko alikuwa anakirudisha kwako akijidai kimemshinda chumvi. Na mimi nikawakatia hicho siku tisa. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake, nami sikupata kukaa kitako jikoni mwangu hata mara moja.

Ungetegemea niseme kwamba tokea siku ile wivu ukaisha. Haukuisha. Ukazidi! Hilo ndilo linaloniuma kuliko hizo siku tisa, na hilo sijamwambia mtu. Nilipodhani mnakula nguru, nilikuwa na wivu wa samaki, na samaki hununuliwa. Nilipoona mnakula muhogo wa chumvi na bado mnacheka vile, nikajua nyinyi mna kitu ambacho mtu wa baiskeli hauzi. Mlikuwa na njaa na mlikuwa pamoja. Mimi nilikuwa na samaki mzima. Nilimwonea wivu mama'ko kwa njaa yake, mwanangu. Kuna mwanamume wa namna hiyo?

Tangu kesho yake nikawa nabakisha nusu nzima ya samaki, wakati mwengine zaidi. Raya akaipeleka. Nikatega sikio. Kimya. Nikasikia mnatafuna tu. Mchezo ulikufa ile Ijumaa, niliuona unakufa nikiwa nimeshika kata ya maji. Watoto wanaweza kucheza mbele ya njaa, lakini si mbele ya mtu aliyewakodolea macho mlangoni.

Basi nikafanya kosa la pili. Nilikuchukua wewe. Nilimwambia mama'ko, "Mtoto wa kiume hali jikoni. Hamad aje kula na mimi." Akajibu, "Hajafika miaka saba." Nikasema, "Miye nimesema." Nikaliita desturi, nikaliita adabu, na wapo walionisifu. Si desturi. Nilitaka nami niwe na mtu wa kucheka naye, na kwa kuwa sikujua kuingia mahali penye kicheko, nikaenda kuking'oa na kukileta kwangu.

Ukaja. Ukakaa vizuri, umekunja miguu, umesema bismillahi kama ulivyofunzwa. Nikakumegea mnofu. Ukala. Masikio yako yalikuwa jikoni. Siku ya tatu au ya nne nikajikaza, nikasema kwa sauti ya mzaha, sauti nisiyoizoea, "Eti Hamad, leo unakula samaki gani?"

Ukamtazama samaki, ukanitazama mimi. Ukasema, "Changu."

"Ah, mimi nakula nguru," nikasema.

Ukanionea huruma, nilikuona. Ukasema polepole, kama mtu anayemfundisha mgeni, "Baba, mchezo huu hauchezwi kukiwa na samaki."

Hukumbuki, najua. Ulikuwa mdogo. Mimi nakumbuka mpaka kivuli cha kawa ukutani.

Tukala pamoja miaka, mimi na wewe, kimya. Ulikua ukijua mwanamume hula akitazama sahani. Ulipopata simu ukawa unachukua chakula chako unaingia chumbani, unaiegemeza kwenye jagi la maji, unakula ukiitazama. Mara moja nilipita dirishani nikakusikia unacheka. Ulikuwa na tonge mkononi, unaicheka simu, kile kicheko chako cha jikoni, kumbe bado unacho! Nikasimama pale dirishani. Nikaionea wivu simu. Mzee mzima, mvi zimejaa, anaona gere kwa kipande cha kioo. Nilitaka kuingia nikuulize unacheka nini. Nikakumbuka ile Ijumaa, nikaenda zangu. Sasa naona nilikosa na hapo pia, ningebisha hodi.

Tazama tulivyo sasa. Raya kaolewa Msuka. Mama'ko anakula jikoni peke yake, kwenye lile lile sinia, kwenye pembe moja. Mimi barazani. Wewe chumbani. Nyumba moja, sahani tatu, na hakuna hata mmoja aliyegombana na mwenzake. Mimi ndiye niliyeanza. Kesho zitabaki mbili.

Ndiyo sababu nakuogopea huko Tanga. Umeme utaufunga vizuri, mikono yako naiamini, umeirithi kwangu. Naogopa umerithi na mengine. Utatoka kazini umechoka, utanunua chakula kwenye mfuko, utaingia chumbani ufunge mlango, simu kwenye jagi. Hakuna atakayekukataza. Na kupitia ukutani utawasikia wapangaji wenzako wanacheka kwenye sinia lao, utajiambia wale wana mambo yao, labda wana kitu kizuri wamekificha. Ukifika hapo, mkumbuke baba'ko na changu wake. Usiwahesabie kilichomo kwenye sinia lao. Piga hodi. Huenda ni muhogo.

Na utakapooa, atakapokuletea yule binti wa watu sahani yako peke yake imefunikwa vizuri, kwa heshima zote, ujue anakupenda na anakutenga kwa wakati mmoja, na hajui kama anakutenga, kafunzwa hivyo. Mama'ko hakujua. Alikuwa ananiheshimu mpaka nikakaribia kumchukia. Mwambie mapema. Mimi ni mwaka wa ishirini na saba huu, ndio kwanza nimesema leo.

Ndiyo, nimesema. Ngoja nikuhadithie, maana wewe ulikuwa umeshatoka.

Kabla sijachana karatasi hii nilikwenda mpaka mlango wa jikoni. Tangu ile Ijumaa sikuwahi kusimama pale. Mama'ko alikuwa ameinamia kikaango, anageuza vipande vya nguru. Nguru wa kweli, mzima, kamnunua mwenyewe jana kwa ajili yako.

"Mama Raya," nikaita.

"Labeka."

"Leo usinitengee."

Akaacha kugeuza. "Unatoka?"

"Sitoki. N'nakuja kula huku."

Mafuta yakawa yanalia peke yake. Nikaongeza, "Na upike muhogo. Wa chumvi. Na pilipili mbili."

"Weye!" akasema. "Mtoto anasafiri kesho, Raya anatoka Msuka kuja kumuaga, niwape muhogo mtupu? Watu wakisikia watasemaje? Na huyu nguru je?"

"Nguru wote m'fungie mtoto, ende nao. Siye tule muhogo."

Akanitazama. Mama'ko ana macho ya kupima kuliko mimi fundi. Alinipima juu mpaka chini, miaka kumi na sita yote, kisha akainamisha uso na mabega yakaanza kutikisika. Nilijua nimemliza. Kumbe kilikuwa kile kicheko cha puani.

"Haya bwana," akasema, bado kainama. "Na weye utakula samaki gani?"

Wallahi Hamad, nilikuwa na jibu tayari. Nimekaa nalo muda mrefu mno.

"Nguru," nikasema. "Kichwa."

"Nguru wa Raya huyo, tokea zamani."

"Raya keshaolewa. Akale wa mumewe."

Sasa hivyo vipande vya nguru wa kweli utavikuta kwenye mkoba, kwenye kile kidoo cheupe cha mfuniko. Usivile peke yako. Ukifika tu, kabla hujatandika kitanda, mfungulie mtu wa chumba cha pili, umwambie vimetoka Pemba, mama yangu kakaanga. Simjui mtu huyo wala sitamjua, na nshaanza kumwonea wivu. Ndivyo nilivyoumbwa. Mpe hivyo hivyo, mpe kipande kikubwa.

Na usiku wa leo, ambao kwako ukisoma hii utakuwa jana, kama nilicheka pasipo na cha kucheka, au nilikaa vibaya nikakuzibia mkono, nisamehe, mimi mgeni jikoni. Kama nilimgombea yule nguru kupita kiasi, nisamehe pia. Nilikuwa na njaa naye.

Nasikia mlango wa uani. Ni Raya huyo, kafika. Anamsalimu mama yake, anauliza kuna nini leo, mbona jikoni kunanukia nguru.

"Kuna muhogo," mama'ko anamjibu.

Kisha namsikia mama'ko, polepole, kama mtu aliyeshiba: "Na usihangaike na nguru. Baba'ko keshamchukua."

Wanacheka, Hamad. Nipo huku nyuma ya ukuta na wanacheka. Naiweka kalamu, nakwenda kunawa, naingia.

Baba'ko